Omwana Si Jina la Kiume

Mama,

Nakuandikia kwa Kiswahili na usinune. Dholuo, lugha ya Wajaluo, ndiyo niliyokulia, lakini nikikuandikia Dholuo nitajiona nimejiunga na waliokucheka. Olusuba lako, lugha ya wazee wenu, silijui. Kiswahili angalau ni jirani yake. Unakumbuka siku niliyotoka shule nikakuambia Waswahili wamekuibia neno, kwa sababu mwalimu ameandika "mwana" ubaoni? Ulicheka mpaka ukaweka chini kisu cha samaki.

Nina hasira, Mama. Tangu tukuzike nimeimeza, na leo nimechoka kuimeza.

Pale matangani mhubiri alisoma wasifu wako, ati ulizaliwa katika familia ya Wajaluo wa visiwani. Wajaluo wa visiwani! Wewe, uliyenisimulia jinsi wazee wenu walivyovuka ziwa kwa mitumbwi kutoka upande wa Uganda, wakakaa Mfangano na Rusinga na lugha yao wenyewe, kabla ya ndoa na soko na kanisa kuwageuza Wajaluo mmoja mmoja. Watu wakaitikia amina. Nani angejisumbua kubisha? Baba naye alikuwa ameshatangulia.

Mjomba, ndugu yako, alifika amechelewa. Magugu ya ziwani yalikuwa yamefunga ufuo wote wa kwetu Luanda Kotieno, boti ikakwama, akaingia bomani na matope mpaka magotini. Alisimama kando ya jeneza akaanza kukuaga kwa Olusuba. Vijana wakaanza kuchekelea. Yule aliyeshika ratiba akamwambia, "Mzee, tumia lugha ya watu." Lugha ya watu! Kwani wewe ulikuwa mbuzi? Niliinuka nikamfokea mbele ya mchungaji, na sijutii. Mjomba akaendelea, lakini akina mama wa kanisa wakaanzisha wimbo, wakamfunika kabisa.

Na hili ndilo linaniuma zaidi: hata wangenyamaza, mimi ningeelewa nini? Katika maneno yake yote nilidaka moja tu. Omwana. Alilisema akinitazama mimi.

Neno lile lile lililotuharibia, Mama. Ulikuwa unaniita ukiwa kwenye vichanja vya kukaushia omena, dagaa wa ziwani, sauti yako inafika mpaka majini: "Omwana! Omwana!" Mtoto, basi, hakuna zaidi. Lakini wenzako wa pale ufuoni, waliokuita Nyar Mfangano, binti wa Mfangano, kana kwamba huna jina, walishika mbavu. Kwao kila jina linaloanza na O ni la mvulana. Otieno, Omondi, Odhiambo. Wakaeneza kwamba Nyar Mfangano amezaa msichana akampa jina la kiume. Watoto wenzangu wakanisahihisha, wakaniita Amwana, kwa A ya majina ya wasichana. Nilirudi nyumbani nikilia, nikakwambia usiniite hivyo tena.

Kesho yake ukaniita Adhiambo. Ukaniita kwa Dholuo, ukanituma kwa Dholuo, ukanigombeza kwa Dholuo. Olusuba ukaliweka kando, ukaliongea na Mjomba tu alipokuja kutembea, na nikiingia mnanyamaza. Ulidhani unanikinga na aibu. Aki Mama, ni mtoto yule! Mtoto akilia kwa sababu ya uji wa moto, unamwaga uji wote?

Kuna siku moja inanikosesha amani. Likizo ile tulipoenda kwenu Mfangano, ulinipandisha mpaka kwenye mwamba wenye miduara myekundu na myeupe. Ukasema waliochora ni watu wafupi waliokuwa kisiwani kabla yenu. Nikauliza walikuwa wakisemaje "mama." Ukajibu kwamba hakuna anayejua. Ulisema hivyo tu, kama mtu anayesema chumvi imeisha, kisha tukashuka kwenda kuteka maji.

Siku hizi, Mama, kuna wilaya inaitwa Suba. Ungecheka. Jina lenu limeandikwa kwenye kibao cha chuma, na ukipita hapo chini wauza ndizi na wanunuzi wanabishana kwa Dholuo tupu. Wajukuu wa Mjomba nao ni hivyo hivyo. Mjomba anaongea Olusuba na mbwa wake.

Juzi walifika sokoni Kibuye, mpaka kwenye meza yangu ya mitumba, kijana mmoja na dada mwenye kinasa sauti. Wanatafuta wanaojua Olusuba. Waliambiwa mama yangu alikuwa analijua hasa. Nikawaambia mmechelewa, ameshazikwa, na hata mazishini aliagwa kwa lugha nyingine. Wakaniomba japo maneno machache. Nilisema "omwana." Halafu nikakaa, kanda inazunguka, wao wananisubiri. Sikuwa na la pili. Yule dada aliona haya kwa niaba yangu, akanunua sweta ambayo hakuihitaji.

Jioni hiyo nilirudi nyumbani Kondele nimefura. Akinyi wangu, mjukuu wako, alikuwa anacheza karibu na bomba la maji. Nikamwita: "Omwana! Njoo!" Hakugeuka. Nikaita tena. Akaja ameshika kiuno, akasema mbele ya foleni nzima, "Mama, hilo ni jina la kiume."

Wanawake waliangua kicheko. Kicheko kile kile cha Luanda Kotieno, Mama, hakijazeeka hata kidogo. "Akinyi" lilikuwa tayari mdomoni, limebaki kutoka tu, na hapo ndipo nilipokuelewa. Nilikuelewa, lakini sijakusamehe. Bado.

Nikalimeza Akinyi. Nikaita kwa sauti kubwa zaidi: "Omwana!" Mtoto akanitazama, akawatazama wale wanawake. Kisha akanishika mkono tukaingia ndani.

Shule zikifungwa nampeleka Mfangano. Tutakaa na Mjomba, atuongeleshe kama anavyomwongelesha yule mbwa, na atakayetucheka acheke mpaka achoke. Nakuahidi. Tukirudi nitapitia kaburini kwako na Akinyi, nimwache akuamkie kwa maneno yako, hata kama atayakosea.

Pumzika, Mama. Na ukisikia mtu anaita huku Kondele, usidhani anaita mvulana.

Ni mimi,
Omwana wako