Ufagio Dhidi ya Mawingu ya Ocotepa

Jumatatu, 4 Agosti
Wametuletea mvua ya mawe. Ocotepa hao, kijiji cha ng'ambo ya korongo! Wingu jeupe tumboni, linashuka mlimani polepole kama ng'ombe aliyeshiba. Mimi na mzee Hilario tukasimama juu ya mashamba, yeye anakata hewa kwa panga, mimi nafagia kwa ufagio wa makuti. Tukalisukuma mpaka korongoni, likamwaga huko. Mawe yakishaumbwa lazima yaanguke mahali. Hilo watu wa kijiji hawalielewi, wanadhani tunayafuta.

Mahindi yanatia maziwa. Wiki tatu tu, Mungu wangu, tuvune. Ocotepa wanadai tuliwaibia mvua ya Juni. Haya, tuliifagia kidogo. Nani hakuwa na kiu?

Remedios akanicheka niliporudi nimelowa. Eti mama, ukimaliza mawingu, na jikoni pia kunangoja. Mdomo huo kaurithi kwangu, nitamlaumu nani?

Jumatano, 6 Agosti
Leo tumewajibu. Upepo! Mapaa yao yameruka, kengele ya kanisa lao imelia yenyewe. Kijiji kizima kikashangilia, wakaniletea pombe ya pulke na tamale za mahindi. Sikuonja.

Anayewapigania Ocotepa ni Crescencio. Naujua mkono wake, mawingu yake huja yameinamia kushoto. Radi iliponiangusha malishoni, nikiwa msichana, yeye na Hilario ndio walioniinua. Crescencio kichwani, Hilario miguuni. Ndivyo ilivyo kwetu: aliyepigwa na radi haguswi mpaka wawili waliopigwa kabla yake wamwinue pamoja. Akiinuliwa vingine, mwili unaamka, roho inabaki juu. Tangu siku ile namwita baba.

Leo nimeng'oa paa la baba yangu.

Ijumaa, 8 Agosti
Hilario amekufa. Si radi — kifua. Baridi ya kule juu, na nguo mbichi mwilini kutwa. Aliniambia, kwa sauti ndogo, kwamba tulishindwa tangu siku ya kwanza, ila hakuna aliyetuambia. Kisha akaomba maji ya moto. Nilipoyaleta alikuwa ameshakwenda.

Nimebaki peke yangu. Abundio, mwenyekiti wetu, anataka nipige tena kesho. Nikamnyooshea ufagio, nikamwambia shika wewe. Akajifanya anafunga kamba ya kiatu.

Jumamosi, 9 Agosti
Mawe. Mawe. Mashamba ya mashariki yamelala chini yote. Mkono wa kulia hauinuki.

Jumapili, 10 Agosti
Remedios. Mwanangu Remedios!

Alinifuata shambani na chakula. Nilimwambia rudi. Akasema uji utapoa. Radi moja tu.

Amelala kati ya matuta, macho wazi, anapumua. Kiatu kimoja hakipo mguuni. Na simgusi! Mimi mama yake simgusi, maana niko mmoja. Majirani walikuja na blanketi wambebe, nikawafukuza kwa ufagio na matusi. Nimesimika miti minne, nikatandaza turubai juu yake.

Wa pili atoke wapi? Yuko mmoja tu, naye yuko ng'ambo ya korongo.

Nikamwomba Abundio avuke na kitambaa cheupe. Akagoma, eti tutakuwa tumesalimu amri, watachukua mvua yote mpaka Oktoba. Nikamwambia wachukue. Wachukue na mahindi, na nyumba, na huo uenyekiti wako. Akaniita msaliti. Kisha akamtazama Remedios pale chini, akavua kofia, akaenda.

Jumatatu, 11 Agosti
Abundio karudi alfajiri. Anasema Crescencio hakuuliza habari za vita hata neno moja. Aliuliza tu, "Bado anapumua?" Akasema atashuka mwenyewe, kwa siri, maana wanafunzi wake wakijua watamfungia ndani. Na akanitumia salamu: "Mwambie binti yangu asimguse mpaka nifike."

Binti yangu. Baada ya lile paa! Nimelia mpaka Abundio akaondoka.

Bado niko shambani. Naandika huku namngoja. Nimeshaiona kofia yake ya manjano, ng'ambo, anateremka akishika mizizi. Mzee yule, na magoti yale.

Na wingu nimeliona. Limetoka Ocotepa, jeupe tumboni, halijainama kushoto. Si lake. Ni la wanafunzi, hawajui mwalimu wao yuko wapi. Linakuja moja kwa moja juu yetu. Turubai hili haliwezi mawe kama ya juzi, yalikuwa kama mayai.

Kwa mkono mmoja naweza kulisukuma upande mmoja tu. Kule kunakoteremka. Korongoni.

Nisipofagia, linamwangukia mwanangu. Nikifagia, linamwangukia baba, na bila yeye mwanangu hainuki tena. Nimeligeuza kila namna kichwani. Hakuna njia. Hakuna!

Amesimama. Yuko katikati ya korongo, hapana hata jabali la kujificha. Ameangalia juu, ameliona. Nilidhani atarudi mbio.

Amevua kofia. Anaipunga — si kuniaga. Anavuta kuelekea kwake, hivi, hivi, kama alivyonifundisha kuita wingu. Ananiambia nimpelekee.

Baba, na kichwa cha mwanangu atashika nani?

Jiwe la kwanza limegonga turubai. Remedios hakupepesa hata jicho. Ufagio ninao mkononi na yeye bado anavuta, anavu—