Bafu la Mvuke la Galina

Kisangani, Jumamosi usiku

Laiti ningekataa. Lakini Galina, mke Mrusi wa kaka yangu Kasongo, alishinda akichochea moto katika kile kibanda cha mbao alichojijengea uani, na mgeni wa likizo hakatai bafu lililopashwa moto kwa ajili yake.

Kwetu Bukavu mtu hufukizwa akiwa na homa. "Mimi siko mugonjwa," nilimwambia. Alicheka, akanivua kitenge, akamwaga maji juu ya mawe ya moto. Mvuke ukanikaba koo.

Ndipo akachukua fungu la matawi ya mpera, akaliinua. Kwao ndivyo wanavyooga, wanachapana majani mpaka mwili uchangamke. Alikuwa amenieleza mapema, nilijua. Hata hivyo mikono yangu ilirukia kichwani yenyewe, nikajikunyata ukutani.

Aliyashusha majani taratibu.

"Ni bwana yako?"

Alinimwagia maji ya vuguvugu mgongoni, kama anayeogesha mtoto.

Mezani kaka, ambaye humsifu mume wangu kwa kila mtu, aliuliza, "Bon, shemeji anakungoja. Unarudia lini?"

Galina aliniongezea lituma, ndizi za kupondwa, kwenye sahani. "Harudi," alisema.

Kaka alinigeukia. "Juu ya nini?"

Nilisema nimechoka, nikaingia chumbani.

Sasa namsikia kaka sebuleni, anatembea huku na huku. Kwangu Bukavu, nikisikia hatua za namna hiyo, mimi hufunga mlango kwa ufunguo.

Huu nimeuacha wazi.