Machozi ya Ameir Kwenye Televisheni

Jumamosi, 7 Juni 2025

Mimi nyota! Watu wa kamera wamekuja saluni kwetu, Jules Street. Filamu ya historia — zile vurugu za kuchoma maduka yetu sisi wageni. Nimevaa koti la Luqman, kinyozi wetu, limenikaa kuliko mwenyewe! Yule dada wa maswali nimemchekesha mpaka kashika mbavu. Kauliza kifo cha kaka yangu Nassir. Nikamwambia alifia hospitali, usingizini, shahada mdomoni. Ndivyo tulivyomwambia mama kule Tanga. Ndivyo itakavyobaki. Mama mzazi haambiwi moto.

Ameir, ninayelala naye chumba kimoja Bellevue, naye kakalishwa mbele ya kamera. Nikamtania: utasema nini wewe, mwaka ule ulikuwa bado Tanga unauza mihogo! Kacheka tu.

Jumatano, 10 Septemba

Keshokutwa filamu inaonyeshwa! Gervais, Mrundi wa spaza, kile kiduka cha jirani, nimemtangazia mpaka kachoka. Ati, eish, petit, mdogo wangu, tumesikia, wewe ni waziri. Mama ataangalia kwenye simu ya dada Mayasa.

Ijumaa, 12 Septemba

Mimi: nafagia nywele. Sauti hakuna. Basi!

Halafu Ameir, uso umejaa kioo kizima. Ati yeye ndiye aliyekuwa kwenye mlango wa nyuma wa duka. Ati alimsikia Nassir ndani ya moto akimwita mama, mpaka sauti ikakatika.

Maneno yangu hayo! Nilimwambia yeye tu, chumbani, siku homa iliponizidi nikashindwa kunyamaza. Na machozi juu! Yeye kaka yangu hakuwahi hata kumwona!

Saluni nzima ikamgeukia Ameir. Gervais kamshika Ameir mkono, kampa pole. Ameir!

Jumamosi, 13 Septemba

Godoro lake nimelitupa nje. Kalirudisha. Ati wale wa kamera walitaka mtu aliyeona, "na wewe, mwanangu, ulikuwa unaleta utani."

Mama kapiga. Nikaanza: mama, umemwona nyota wako na fagio? Hakucheka. Nikamwambia, mama, mlangoni nilikuwa mimi, si huyu.

"Kama ulikuwepo, mbona uliniambia alifia usingizini?"

Nikasingizia mtandao. Mimi!

Kasema atapiga tena baada ya Magharibi, nimpe huyo Ameir. Ati angalau yeye kamlilia mwanawe.

Magharibi imeshaswaliwa. Ameir kakaa kwenye godoro lake, kanyoosha mkono, macho chini. Simu ninayo mimi. Inaita —