Kidole Gumba cha Babu Baudelio

Mwaka umetimia, Babu Baudelio Quiñones, tangu ulipokufa bila kamera hata moja kuwepo, na bila mtu wa kupaza sauti "Kata!" ili uinuke ukanywe kahawa.

Tulikuwa tumezoea kukuona ukifa. Katika sinema za Mexico ulipigwa risasi, ulinyongwa, ulitupwa kutoka kwenye treni, na kuna mwaka uliliwa na mamba wa mpira. Hukuwahi kuwa nyota wala kumbusu binti wa tajiri. Ulikuwa jambazi, mlevi, polisi mla rushwa. Sokoni akina mama walikuchapa mwavuli kwa madhambi ya watu hao, nawe ulivua kofia ukaomba radhi kwa niaba yao. Nyumbani ulitushonea vifungo, uliogopa panya, na ulifanya mazoezi ya kuanguka kati ya meza na friji.

Bibi Herlinda hakuweza kuvumilia vifo hivyo. Alipozimia ukumbini katika filamu yako ya kwanza, ulimwahidi kwamba kila ukifa utamtikisia kidole gumba cha kushoto, ajue u mzima. Waongozaji walifoka, "Maiti haitikisiki, Quiñones!" Ulijibu, "Mke wangu anaangalia, bwana."

Hospitalini, ulipokata roho, alikitazama kidole hicho kwa muda mrefu. Baada ya hapo hakutaka kuona filamu yako hata moja.

Mwaka jana hukuwekewa madhabahu ya Siku ya Wafu, wafu wanaporudi kula nyumbani, maana ulituacha siku chache tu kabla, na wafu wapya, kama inavyojulikana, huwa hawajapata ruhusa ya kutoka. Mwaka huu ndio kwanza unakuja, na hofu moja ilimnyima Bibi usingizi: mfu huijua nyumba yake kwa picha yake, nasi hatukuwa na picha yako. Tulikuwa na za majambazi tu. Nyumbani uliikimbia kamera ukisema hiyo ni ya kazini. Hata harusini ulifika moja kwa moja kutoka studio, una kovu la nta shavuni na masharubu ya mtu mwingine.

Mwanao Octavio alijaribu kutundika mojawapo.

"Mtoe hapo huyo mwizi wa ng'ombe," Bibi akasema.

"Mama, ni Baba huyo."

"Mimi nilizaa na mwizi wa ng'ombe? Akija akaliona hilo lisura, atadhani amekosea mlango, aende kula tamales za mahindi kwa Amparo."

Jirani yetu Amparo, aliyekuwa amebeba maua ya madhabahu, akadakia, "Mwache aje, mwenzangu. Zangu hazikauki kooni kama zako."

Octavio akawasha televisheni, aiwinde sura yako filamu baada ya filamu. Bibi akakaa akiipa skrini mgongo. Ukapigwa risasi mlangoni mwa kilabu, ukaanguka kwenye matope.

"Kimetikisika?" akauliza.

"Geuka uone mwenyewe, Mama."

Akageuka. Kikatikisika. Bibi akacheka mpaka akashika mbavu, kicheko ambacho nyumba hii haikukisikia mwaka mzima.

"Simamisha hapo hapo! Huyo ndiye mume wangu. Wengine wote ni kazi."

Basi ndivyo ulivyo kwenye picha ya madhabahuni, Babu: umelala kwenye matope, umekufa kabisa, kidole juu, katikati ya mkate na mishumaa. Padre aliuliza kwa upole kama hakuna picha ya heshima zaidi. Bibi akamwambia, "Padre, hakuna alipo mzima kuliko hapo." Kisha akaenda kulala, akakoroma, nasi sote tukapumua.

Tunakukumbuka sisi: mkeo Herlinda, wanao Octavio na Rebeca, wajukuu zako Tadeo na Ximena, pamoja na jirani Amparo, aliyesema jina lake likikosekana hapa maua yake anayachukua.

Hatutakusahau kamwe. Mlango u wazi, mchuzi u jikoni. Ukifika, tikisa tu kidole, Babu. Mkeo anaangalia.