Mlango wa Mnara wa Chumvi

Kwa hiyo ndiyo, Somoe, nimemwambia. Najua tuliapa. Najua ulinilambisha chumvi kiganjani mwako nyuma ya bweni, ukasema siku mtu wa tatu akizijua habari za Mnara, Nalumbe yote, nchi yetu ya daftarini, itafutika kama chaki ubaoni. Nimemwambia hata hivyo, na tangu juzi natembea nikisikiliza kama kuna kinachofutika.

Ngoja kwanza nikupe habari njema, maana siwezi kuzibeba peke yangu. Nimeolewa, shoga yangu. Leo wiki ya tatu. Anaitwa Shaibu, fundi mwashi, kwao Nanyamba. Mikono yake migumu kama tofali, lakini ukimwona anavyonimenyea muhogo asubuhi, taratibu kama anayemvua mtoto shati, hata wewe ungenyamaza. Hapana, usingenyamaza. Ungerudia lile neno lako, kwamba mimi nikiolewa nitamwandikia mume barua ya mapenzi naye yuko hapo hapo anakunywa uji. Nimeshaandika mbili.

Ilikuwa hivi. Nilihamia kwake na sanduku langu, na chini kabisa ya nguo lilikuwa daftari letu la jiografia. Mama yako alinipa siku ya arobaini yako, pale Kitaya, akasema uliendelea kulichora mpaka kalamu ikakushinda uzito. Sikulifungua. Miaka minne, Somoe. Nililifunga kwa kipande cha kanga, nikawa nalihamisha tu. Nilijua kurasa za mwisho umezichora bila mimi, na nikishaziona, hakutakuwa tena na jambo jipya kutoka kwako.

Shaibu alikuwa anatafuta karatasi ya kuchorea choo cha jirani. Nikamkuta mkekani, daftari limefunguka mapajani, ananiuliza bila kuinua macho ni nani aliyejenga jengo hili. Nilimpokonya. Nikamtolea maneno ambayo bibi harusi hatakiwi hata kuyajua. Siku mbili tukala kimya. Ya tatu akanijia taratibu, kofia mkononi.

"Mke wangu," akasema, "kama ni daftari la mwanamume wako wa zamani, niambie tu. Nitavumilia."

Nilicheka mpaka nikalia. Kisha nikamsimulia yote. Kwamba mto wa Nalumbe huenda baharini asubuhi na jioni hurudi nyumbani. Kwamba katikati ya mbuga umesimama mnara mweupe wa chumvi, na mvua ikinyesha hauyeyuki, unarefuka. Hakuna anayejua aliyeujenga, na ndege wakiukaribia hushusha sauti. Kwamba mimi na wewe tuliufikia mlango wake mara nyingi, mwalimu akiwa anafundisha habari za maziwa ya Kanada, tukausukuma kwa mabega, usitikisike, nawe ukaninong'oneza, "Kesho, Mwanaidi. Leo tumechoka." Nikamwambia tangu ufe sijarudi kule. Mlango ulikuwa wa watu wawili, na aliyebaki ni mmoja.

Hakucheka. Aliomba alione daftari tena, na safari hii nikamkabidhi mwenyewe.

Tulifungua ukurasa wa mwisho pamoja. Umeukata mnara katikati, kama tulivyochora ua kwenye biolojia, na ndani kote kunaonekana: ngazi, vyumba, taa ndogo ndogo zisizo na mafuta. Mimi niliona uzuri tu. Yeye alitazama kifundi. Akauliza mbona nje hakuna kitasa. Halafu akaweka ukucha juu ya kialama ambacho mimi ningekidhania doa la wino.

"Komeo liko huku ndani," akasema. "Mlango wa hivi hausukumwi. Anafungua aliye ndani."

Somoe.

Ulilichora komeo hilo ukiwa kitandani. Ulikuwa umeshajua nani anatangulia. Na mimi, mjinga wako, miaka yote hii nimekaa nikidhani umeniacha nje, peke yangu, na mlango mzito.

Hapana, hakuna kilichofutika. Jana mchana tumerudi Nalumbe, mimi na Shaibu, tumelala tu chali mkekani tukitazama bati. Nilimwonyesha mto ukigeuka. Mnara umerefuka sana, mvua za miaka minne si mchezo. Alipapasa ukuta, akalamba kidole, akasema aliyejenga hapa alikuwa na mkono mwepesi. Mlango hatukuugusa. Nakuomba usifungue mapema. Nataka kwanza nizeeke na mtu huyu, nimchoshe kwa barua, nimzalie watoto wabishi kama wewe. Tukimaliza, tutapiga hodi.

Kwa sasa pumzika, shoga yangu. Kitaya nakuja. Mama yako anasema kingo za kaburi lako zimeanza kutitia, na Shaibu amekataa nitafute fundi mwingine. Kabla mwezi mwingine haujaandama utatusikia njiani, yeye na mwiko wake, mimi na maneno yangu mengi.

Wako,
Mwanaidi