Mapatano Bila Mahali pa Kwenda

Alhamisi. Mvua tangu asubuhi. Bunduki zimenyamaza upande wa uwanja wa ndege, lakini wiki hii pia hakuna boti iliyoshuka mto.

Leo nina aibu.

Nilikuwa karani wa mahakama miaka mingi, na hapa mtaani Tshopo watu bado wananiita Papa Karani. Tangu vita vifunge mahakama, wananiletea kesi ndogo: matusi, kofi, kuku aliyeibwa. Sheria yenyewe inakubali makosa ya namna hiyo yaishe kwa mapatano, na huwa nawaeleza watu taratibu sababu yake: anayefungwa leo atafunguliwa kesho, arudi kuwa jirani yako. Sharti ni moja tu. Aliyekosewa akubali kwa hiari.

Jumatatu walikuja mama Véro, muuza samaki, na Likita, fundi wa mitumbwi. Wanakaa ua mmoja, ukuta mmoja kati yao. Mabomba yamekauka, kwa hiyo waligombania pipa la maji ya mvua, na Likita akampiga mkononi kwa mchi wa kutwangia pondu, majani ya muhogo. Mfupa haukuvunjika, lakini mkono umevimba hata hawezi kujifunga kitambaa kichwani.

Mama Véro alitaka kumpeleka kwa askari. Sote tunalijua shimo lao la kufungia watu. Wapo walioingia humo kwa kosa dogo kuliko hili, wasitoke.

Zamani ningemwambia Likita apande boti, akae kwao Isangi miezi miwili, hasira ipoe. Nusu ya mapatano yangu ilifanywa na mto. Safari hii nilimuuliza atakwenda wapi.

"Papa Karani, niende wapi? Niogelee?"

Basi nikabuni adhabu nyingine: amtwangie mama Véro pondu kila siku mpaka mkono upone. Watu walicheka sana. "Likita, usisahau kutia mawese!" Nami nikajiona mwerevu. Mama Véro aliweka alama ya kidole gumba cha kushoto kwenye karatasi ya mapatano. Hakucheka.

Sikumuuliza kwa nini.

Leo mchana amekuja, amelowa chapachapa. Nilidhani Likita amekwepa kazi.

"Hapana, papa. Anakuja kila siku. Anasimama mu jikoni yangu na mchi ule ule. Nikigeuka kuangalia chungu, shingo inakuwa baridi. Weye ulisema nimusamehe. Bon. Nitamusamehe, lakini akiwa mbali."

Nikamweleza. Ndio ugonjwa wangu. Nilieleza habari za askari, za mto, za subira. Alisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza kama nimemaliza.

Mke wangu alikuwa anachambua maharagwe. Alisema bila kuinua kichwa:

"Kama unamwamini, mulete alale hapa. Chumba ya vitabu yako iko."

Nilitaka kusema ndiyo. Nikakumbuka kwamba nikienda sokoni mke wangu hubaki peke yake.

Nikanyamaza.

Mama Véro aliuona ukimya huo. Alijifunika kitenge chake, akarudi mvuani, kwenye ua ule ule.

Kwa hiyo nilimtaka abebe kila siku kitu ambacho mimi sikuweza kukibeba hata dakika moja, tena kwa kukifikiria tu. Alipoweka kidole, upande huu palikuwa na shimo la askari, upande ule mchi. Na juu ya alama yake, kwa mwandiko wangu mzuri wa ofisini, niliandika "kwa hiari".

Nimehamisha vitabu chini ya kitanda. Mke wangu amenisaidia. Hajanilaumu, na afadhali angenilaumu.

Kesho asubuhi nitamleta Likita na mkeka wake. Atatwanga hapa, mbele yangu, na mimi nitampelekea mama Véro chungu cha pondu. Sijui itakuwa kwa siku ngapi. Namwogopa, na nitaishi naye.

Kisha nitakwenda na karatasi kwa mama Véro, nilifute lile neno mbele ya macho yake, nimuulize upya kama anakubali. Nitanyamaza mpaka ajibu, hata akijibu hapana.