Kitanda cha Mama Achieng

Jumanne, Julai 1996. Kawangware.

Sikuiweka kamera chini. Hilo ndilo linalonisumbua mpaka sasa.

Leo mchana tulikuwa mtaa wa Laini Saba kwa Mama Achieng, yule muuza mboga ambaye tunatengeneza filamu kumhusu. Mara vijana wa landilodi wakapanda juu ya nyumba yake, wakaanza kung'oa mabati. Kumbe ploti imeuzwa, na yeye hakuambiwa. Akakimbia ndani, akatoka na godoro, akanigeukia.

"Wewe Wafula, wacha hiyo kitu, njoo tushike kitanda!"

Dairekta akaninong'oneza, "Usisimamishe. Hii hatutaipata tena."

Nikaendelea mpaka filamu ndani ya kamera ikaisha. Aliporudi ndani, jua liliingia pale mabati yalipotoka, likamwangukia usoni. Mungu anisamehe, nilifurahi kwa uzuri wa picha ile.

Kufikia hapo majirani walikuwa wameshakitoa kitanda. Nikamwambia, "Pole, Mama." Akabeba godoro lake, akanipita.

Dairekta anataka turudi kesho tumpige picha akiwa amelala nje. Nikikataa, nani mwingine Nairobi hii atanipa kamera? Nitarudia kazi yangu ya zamani ya kupiga picha za pasipoti. Na nikienda, nitamtazama vipi yule mama...

Betri za kamera za kesho nimeshazichaji.